Amri Ilisema Mlango

Mimi ndiye karani niliyeiandika,
kwa kalamu ya bluu, siku ya Jumanne,
Baraza la Ardhi, Moshi, chumba ambacho dirisha lake halifungi
na vumbi la stendi huingia, likakaa juu ya majalada
kana kwamba nalo lina shauri.

Walisimama wawili.
Eliaichi Mtui, fundi cherehani wa Pasua,
kodi ya miezi mitatu shingoni.
Barikieli Kiwelu, mwenye nyumba,
koti la harusini, kofia mkononi.

Mama alisema: elfu arobaini kila tarehe tano,
zipitie hapa, nikatiwe risiti.
Mzee alisema mengi. Alisema kwa mkono kifuani:
hadi shauri liishe, huyu mama akae kwa amani.
Saa ya chai ilikuwa imepita.
Ugomvi wote ulikuwa wa kufuli,
nami nikafupisha:
*Mdaiwa ameahidi kutogusa mlango.*
Akatia saini ndefu, yenye mkia,
saini ya mtu aliyezoea kuaminiwa.

Tarehe tano mama alifika.
Noti za elfu mbili mbili, zinanuka mafuta ya cherehani,
na sarafu ndani ya fundo la kitenge.
Nilihesabu mara mbili. Zilitimia.
Mwezi uliofuata alikuja tarehe nne.
"Kesho nina msiba Kibosho," alisema,
"sitaki marehemu awe kisingizio."

Kisha Aprili, na masika yale
yanayoteremka toka mlimani bila kubisha hodi.
Alikuja amelowa hadi kwenye pindo,
mkononi hana pesa, ana msumari:
msumari wa bati, wenye kofia, umepinda.
Akauweka juu ya daftari langu.
"Mlango upo," alisema. "Nimeufunga, ufunguo huu hapa.
Ameezua paa."

Alhamisi wakaitwa, shauri la kudharau amri.
Mzee hakukana kitu.
"Mheshimiwa, isome karatasi yako.
Imesema mlango. Mlango sikuugusa.
Hata bawaba zake nimezipaka mafuta."
Watu wakacheka kule nyuma.
Nami nilicheka, nakiri, kwa pua, kichwa chini,
kabla sijakumbuka mwandiko ule ni wa nani.

Mwenyekiti hakucheka.
"Karani, siku ile alisemaje?"
Kuna ukimya unaopimwa kwa saa ya ukutani,
na kuna ule unaopimwa kwa mshahara.
Nikasimama. Nikasema: alisema amani.
Neno mlango nililitafuta mimi.

Mwenyekiti akamgeukia mzee, polepole:
"Siku ile uliiahidi karatasi,
au ulimwahidi mtu?"
Mzee aliitazama saini yake, akaifuata kwa jicho
mpaka mwisho wa mkia. Hakujibu.
Mabati kumi na manne yarudi kabla ya Jumamosi jua kuzama,
au akalale Karanga. Na faini.
Mimi nilipewa barua ya onyo. Ninayo.

Jumamosi nilipita Pasua, najifanya nanunua mkaa.
Nyundo zilikuwa zinalia.
Mzee mwenyewe alikuwa juu, koti ameliacha,
misumari mdomoni kama mshonaji,
na mama chini anampa bati,
wote wawili wamenuna,
wote wawili wameshika bati lile lile.
Nilihesabu. Kumi na tatu.
La kumi na nne lilikuwa bado ukutani limeegemea,
na wingu lilikuwa limeshafika Rau.
Sikungoja.

Siku hizi mtu akiahidi mbele yangu,
namwambia: rudia.
Ananirudia, amekasirika.
Naandika neno kwa neno, hata kikohozi.
Chai inapoa.
Msumari uko kwenye droo, pamoja na mhuri,
na kila nikivuta droo
unabingirika.